Tena

Kaka yangu Ussi alilia kwa mshahara
wiki sita, mwaka wa hamsini na moja.
Kikwajuni nzima ilijua bei ya chozi lake:
shilingi tatu kwa siku, na viatu vya ngozi
vilivyombana tangu asubuhi ya kwanza.

Wamarekani waliteremsha masanduku thelathini na sita.
Baba aliyahesabu, kwani aliyabeba.
Wakawapanga wavulana kwenye ukuta wa skuli,
wakawaambia kimbia, wakawaambia cheka,
wakawaambia lia.
Arubaini walicheka tu.
Ussi alimkumbuka mbuzi wetu Kidosho,
aliyechinjwa yeye akiwa chuoni.

Bwana mkubwa wao, shingo imeungua jua,
alijifunza neno moja la Kiswahili
likamtosha.
Ussi anaangua kilio: tena.
Wingu limepita: tena.
Mbwa amebweka huko Vuga: tena.
Siku moja alilia mara kumi na nne kabla ya adhuhuri
akarudi macho yamevimba,
Mama akashika mchi
akatoka kwenda kuwauliza nani kampiga.

Mkalimani akamweleza hadithi:
mtoto huyu ni yatima, mzungu anamwacha, meli inaondoka.
"Yatima?" Mama akasema.
"Mmenizika, na mimi nazi yangu
sijamaliza kuikuna."

Picha ilifika mjini baada ya miaka miwili.
Tulikaa mbele, viti vya bei ndogo, shingo zimepinda.
Uso wa Ussi ulikuwa mpana kuliko nyumba yetu.
Nikaona kovu la ndui kwenye nyusi, kubwa kama sinia.
Akafungua kinywa,
na humo ikatoka sauti ya mtoto mwingine,
lugha nyingine,
mtoto ambaye Kikwajuni hakuwahi kuikanyaga.
Ussi alijishika koo gizani.
Nilimwona.

Mwishoni majina yakapanda, meupe, mbiombio.
Baba, aliyesoma herufi za Kiarabu peke yake,
akaniinamia: "Lipi?"
Nilikuwa darasa la pili.
Nikamwonesha lile refu kuliko yote.
Akatikisa kichwa, ameridhika,
na mpaka anakufa sikumwambia.

Wakarudi mwaka wa hamsini na nne, picha nyingine.
Ussi alipiga pasi kanzu mwenyewe,
akakaa barazani tangu alfajiri.
Kumi na mbili, miguu mirefu, sauti inakwaruza.
Yule bwana akaweka kiganja usawa wa kiuno chake,
pale kichwa cha Ussi kilipokuwa zamani,
akacheka kwa upole, akampa peremende.
Safari hii hakusema tena.
Wakachukua mtoto wa Malindi.

Hayo mengine ni mizani na magunia.
Miaka thelathini na moja alipima karafuu
na hapana mkulima aliyemshitaki kwa ratili moja.
Alipokufa Mama, wanaume walimtazama
toka kisomo mpaka kaburini: jicho kavu.
Yule aliyelia mbele ya dunia, walisema.
Usiku alikuja mlango wa jikoni,
akaniambia, "Mize, nikianza tu,
nitakuwa nasikiliza kama yupo mtu nyuma yangu."
Akaomba maji. Akanywa amesimama.

Usiku wa tatu wa picha ile mtambo ulikata ukanda.
Bwana Pirbhai, aliyeuendesha,
akaniachia kipande kwa sababu nilikuwa nimeng'ang'ania mlango.
Picha kumi na moja.
Nimezihifadhi kwenye kopo la poda
zinanuka mawaridi na siki.
Tangu tumzike Ussi, mwezi wa Rajabu,
nazitoa nikimaliza kuosha vyombo,
naziinua dirishani.

Ni mdogo kuliko ukucha wangu.
Chozi linaanza katika picha ya tano.
Ya sita, ya saba, linashuka polepole mno,
unahitaji miwani.
Ya kumi na moja
halijafika kidevuni.